Kabla Hujamtafuta Nefi Kwenye Magofu ya Wamaya

Kila masomo ya Shule ya Jumapili yanapoangukia Kitabu cha Mormoni, maandiko ya Kanisa letu la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho yanayosimulia watu waliotoka Yerusalemu wakahamia Amerika ya kale, picha zilezile huanza kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp ya kata yetu, yaani usharika wetu. Utaiona piramidi ya Chichén Itzá, utaona kifuniko cha kaburi la Palenque, miji ya kale ya Wamaya, wenyeji wa Meksiko na Guatemala, na chini yake maneno: "Ushahidi umepatikana!" Vijana, hasa wanaojiandaa kwenda misheni, hunifuata kuuliza kama ni kweli, maana wanajua napenda sana habari za Wamaya. Nimezisoma kwa miaka mingi, nami ni muumini. Haya ndiyo ninayowaambia.

Ukiletewa picha, uliza kwanza tarehe. Kitabu chenyewe kimejiwekea mipaka: familia ya nabii Lehi na mwanawe Nefi inatoka Yerusalemu karibu mwaka 600 KK, na Moroni, mwandishi wake wa mwisho, anayafukia mabamba yenye maandiko hayo karibu mwaka 421 BK. Sasa mchukue Pakal, mfalme wa Palenque, ambaye kaburi lake Alberto Ruz alilifikia mwaka 1952 chini ya Hekalu la Maandishi. Alifariki mwaka 683. Piramidi maarufu ya Chichén Itzá ni ya baadaye zaidi. Majengo yanayopendwa kuliko yote kwenye picha hizo yalijengwa baada ya Wanefi, watu wa uzao wa Nefi, kuangamia, kwa hesabu ya kitabu chenyewe. Anayetaka kulinganisha kwa haki aende kwenye miji ya zamani zaidi, kama El Mirador au Kaminaljuyú huko Guatemala. Hapo walau atakuwa anazungumzia watu wa wakati uleule.

Tarehe ikishakubali, uliza swali gumu zaidi: je, kitu hiki kina maelezo yake tayari kwa wenyeji waliokitengeneza? Mfano ninaoupenda ni jiwe namba 5 la Izapa, kule Chiapas, Meksiko, karibu na mpaka wa Guatemala. Limesimama tangu kabla ya Kristo. Katikati umechongwa mti mkubwa, watu wameketi huku na huku, pana maji na samaki. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, M. Wells Jakeman, mwalimu wa akiolojia katika Chuo Kikuu cha Brigham Young, alitangaza kwamba hiyo ni ndoto ya Lehi inayosimuliwa katika kitabu: mti wa uzima, familia, mto. Alifika hadi kusema anayasoma majina ya Lehi na Nefi kwenye alama za jiwe. Wazo hilo lilipendwa mno, na mpaka leo picha ya jiwe hilo hutumwa kama jambo lililokwisha kuthibitishwa.

Tatizo ni kwamba jiwe limelika. Mistari mingi haionekani vizuri, na kila mchoraji alilazimika kuamua mwenyewe anaona nini. Mwaka 1999 John E. Clark, mwanaakiolojia wa chuo hichohicho, alitoa mchoro mpya uliofanywa kwa uangalifu mkubwa zaidi, na ukiutazama huo, mfanano na ndoto ya Lehi unapungua sana. Kisha kuna mti wenyewe. Mti unaoshika dunia, mizizi chini kuzimu na matawi mbinguni, umejaa katika sanaa ya Mesoamerika yote, yaani Meksiko na Amerika ya Kati ya kale. Kwa Wamaya ni ceiba, ambao kwetu ndio msufi. Palepale Izapa kuna jiwe jingine, namba 25, ambalo mti wake unaota kutoka mwilini mwa mamba. Huyo mamba hayumo katika ndoto ya Lehi, lakini yumo kwa wingi katika simulizi za huko. Tena wataalamu wengi wanaona watu wa Izapa walizungumza lugha za jamii ya Mixe-Zoque, ambazo si za Kimaya, kwa hiyo hata kuwaita Wamaya ni kuharakisha.

Sisemi haya kumvunja mtu moyo. Nasema kwa sababu mti ni alama ambayo mataifa mengi yameifikia kila moja kwa njia yake, na kufanana kwa alama peke yake hakuthibitishi undugu. Kinachothibitisha ni jambo la pekee, lisilotarajiwa, ambalo haliwezi kuelezwa kwa njia nyingine.

Hilo ndilo lililonifanya niyapende maandishi ya Wamaya kuliko magofu yao. Mwaka 1952 Yuri Knorozov, akiwa Urusi, alionyesha kwamba alama zao nyingi ni silabi. Mwaka 1960 Tatiana Proskouriakoff akaonyesha kwamba mawe ya Piedras Negras yanaandika maisha ya wafalme: kuzaliwa, kutawazwa, vita. Tangu hapo tunawasikia wakijieleza wenyewe, kwa lugha za Kimaya, na tarehe zao zimeandikwa mpaka siku. Katika yote yaliyosomwa hakuna Kiebrania wala mfalme wa Kinefi. Mtu anayeandika kuhusu Wamaya bila kugusa maandishi yao anawasemea watu wenye sauti.

Kuhusu farasi wanaotajwa katika kitabu, nawasimulia vijana kisa hiki. Mwaka 1525 Hernán Cortés, mvamizi Mhispania, alipita kwa Waitza, Wamaya wa ziwa Petén, akawaachia farasi wake aliyeumia mguu. Hawakuwahi kumfuga mnyama huyo. Inasimuliwa kwamba walimpa maua na nyama ya kuku, akafa, wakamtengenezea sanamu na kuiheshimu. Mapadri Wafransisko waliikuta mwaka 1618, na mmoja wao akaivunja. Farasi mmoja tu aliacha kumbukumbu ya karibu miaka 100. Anayesema farasi walikuwa wengi huko kabla ya Wahispania anadaiwa maelezo, na ni afadhali alijue deni lake kabla ya kuulizwa.

Chimbuko la pilikapilika zote hizi linafahamika. Kitabu cha Mormoni kilichapishwa Palmyra, New York, mwaka 1830. Mwaka 1841 John Lloyd Stephens alitoa habari za safari yake kwenye magofu ya Wamaya, pamoja na michoro ya Frederick Catherwood, Wamarekani wakashangaa kuona miji msituni. Mwaka uliofuata gazeti la Kanisa letu huko Nauvoo, Illinois, lilinukuu habari hizo kwa furaha. Lakini Stephens mwenyewe alihitimisha kwamba miji ile ilijengwa na mababu wa Wahindi wa Amerika waliokuwa wakiishi palepale. Naomba hili lisipitwe. Waafrika tuliambiwa kwamba Great Zimbabwe ni kazi ya Malkia wa Sheba au Wafoinike, mpaka David Randall-MacIver alipochimba mwaka 1905 na kusema ni kazi ya Waafrika. Tunajua maumivu ya kunyang'anywa mababu. Tusiwafanyie Wamaya hivyo kwa jina la imani.

Muwaambie vijana pia habari za Thomas Stuart Ferguson, muumini mwenzetu wa Marekani. Mwaka 1952 alianzisha taasisi ya uchimbaji akiamini itapata uthibitisho wa kitabu. Taasisi ilifanya kazi nzuri sana Chiapas, wanasayansi wanaiheshimu hadi leo, lakini alichokitafuta hakikuonekana, na imani yake ikafifia. Alikuwa ameitundika mahali ambapo Kanisa halikumwambia aitundike. Kanisa halina msimamo kuhusu ramani ya kitabu, zaidi ya kusema ni katika Amerika ya kale. Hata utangulizi wa kitabu, uliokuwa ukisema Walamani, taifa jingine la uzao wa Lehi, ndio mababu wakuu wa Wahindi wa Amerika, ulibadilishwa mwaka 2006 ukasema wao ni miongoni mwa mababu hao.

Mimi sijakutana na jiwe la Wamaya ninaloweza kulishika na kusema linathibitisha Kitabu cha Mormoni. Ninapokisoma, nakisoma kwa sala. Ninapowasoma Wamaya, naanza na Popol Vuh, simulizi ya Wakiche, kabila mojawapo la Wamaya, iliyonakiliwa na padri Francisco Ximénez mwanzoni mwa karne ya 18, halafu nasoma tafsiri za maandishi ya Palenque. Anayetaka kwenda mbali zaidi akumbuke kwamba Wamaya wako hai, ni mamilioni, na maelfu yao ni waumini wenzetu. Hekalu la Kanisa letu limefunguliwa Cobán, Guatemala, katika nchi ya Wakekchi, Wamaya wengine, mwaka 2024. Kijana wetu akikutana na mmisionari wa kutoka huko, amuulize bibi yake alimsimulia nini kuhusu msufi.