Kabla Hujauza Pikipiki Ununue Maikrofoni

Filamu yangu fupi ya kwanza niliishuti Buguruni, Dar es Salaam, kwa siku mbili, na sikuambulia hata sentensi moja ya kueleweka. Mama anamfokea mwanawe, bodaboda inapita juu ya neno la mwisho. Mwana anajibu, muuza kahawa anagonganisha vikombe. Kamera ya kuazima ilikuwa nzuri, ila maikrofoni ilikuwa ile ile iliyomo ndani yake. Miezi minne nzima niliamini dawa ni hela tu, hata pikipiki nikaitafutia mteja.

Aliyenizuia ni mzee wa Senegali, Ousmane Sembène. Alikuwa kuli bandarini Marseille, akawa mwandishi wa riwaya, na alipokwenda Moscow kusomea filamu mwaka 1962 alikuwa anakaribia miaka 40. (Wewe unayelalamika una miaka 27 na umechelewa, soma tena hapo.) Mwaka 1963 akatoa Borom Sarret, filamu ya kama dakika 20 kuhusu mwendesha mkokoteni wa farasi jijini Dakar.

Itazame mara moja upate hadithi, kisha irudie ukiangalia midomo. Sauti iliwekwa baadaye, kwa hiyo filamu haikutegemea majibizano. Farasi anakwenda, sisi tunasikia anachowaza bwana wake. Ombaomba mlemavu anamnyooshea mkono. Yeye moyoni anasema hawa wamezidi kama nzi, anampuuza. Muda si mrefu anatokea malenga wa kusifia ukoo, na jamaa anamwachia hela yake aliyoichuma kwa jasho. Mtu huyo umeshamjua, na hajagombana na yeyote. Baadaye medali ya mwendesha mkokoteni inadondoka chini, polisi anaikanyaga. Hapo maneno ya nini?

Nikarudi kwenye picha zangu zile zile. Majibizano nikayafuta yote. Nikamwita dada aliyeigiza mama, tukajifungia chumbani, magodoro mawili tumeyaegemeza ukutani, akarekodi kwa simu yale ambayo mama yule asingethubutu kumwambia mwanawe usoni. Kelele za Buguruni nikazishusha, zikawa za mbali, na sasa zinamwambia mtazamaji tuko wapi.

Ila usilewe. Sauti ikianza kusimulia kinachoonekana, umeharibu. Kama picha inaonyesha mama anakuna nazi, asituambie anakuna nazi, atuambie anadaiwa na nani.

Halafu kuna lugha, na hapa ndipo wengi wetu tunajikwaa. Hata Sembène alianza kwa Kifaransa: katika La Noire de... ya 1966, Diouana, binti wa kazi kutoka Dakar, anawaza kwa Kifaransa kilichonyooka. Mwaka 1968 akatoa Mandabi, watu wanazungumza Kiwolofu, na mzee Ibrahima Dieng anayehangaika na hawala ya faranga 25,000 asiyoweza kuichukua kwa kukosa kitambulisho anasikika kama mzee wa mtaani kweli.

Mimi nilikuwa nimemwandikia mama yule: "Nimesikitishwa sana na mwenendo wako." Dada akaisoma mara tatu, akaweka karatasi chini, akanyamaza kidogo. Kisha akaisogelea simu, akasema kwa sauti ya chini, "Umenichosha, baba."

Sikumwomba arudie.