Maswali na majibu: breki za lori, breka na jenereta ya akiba

Breki za lori zikiisha upepo hujifunga zenyewe. Mbona malori bado yanafeli breki kwenye mteremko wa Kitonga? (Dereva, Makambako)

Ni kweli hujifunga. Kwenye busta za nyuma (vikopo vya upepo vinavyosukuma breki) mna springi kali inayotaka kufunga breki muda wote, na upepo ndio unaoizuia. Bomba likipasuka, springi inashinda. Ila Kitonga haikumalizii upepo, inakuletea joto. Ukishuka na mzigo umeweka "free" (umetoa gia) kuokoa mafuta, tani zote zile zinabebwa na breki. Dramu, lile duara la chuma linalozunguka na tairi, inapata moto na kutanuka; breki shuu inayoibana kwa ndani inaifikia kwa shida, na ikiifikia inateleza. Sasa hata springi ikifyatuka, inasukuma breki shuu ileile kwenye dramu ileile! Ingia gia ndogo ukiwa bado juu, si katikati ya mteremko.

Ndege ya Ethiopian iliyoanguka 2019 ikija Nairobi ilikuwa mpya. Ilikosa kifaa gani? (Msomaji, Nakuru)

Haikukosa kipimo. Boeing 737 MAX ile ilikuwa na vipimo viwili vya pembe ambayo ndege inaukabili upepo, kimoja kila upande. Programu iliyowekwa kuinamisha pua ilisikiliza kimoja tu. Kilipotoa kipimo cha uongo, programu ikaamini pua imepanda mno, ikaishusha tena na tena. Walikufa watu 157. Miezi kama mitano kabla ya hapo, ndege ya Lion Air ya aina hiyohiyo ilianguka Indonesia kwa chanzo kilekile, ikaua 189. Ajali ya kwanza, ile ya Indonesia, naweza kuwatupia wasanifu. Ya pili ni ya mabosi walioacha ndege ziendelee kuruka.

Breka ya nyumbani itaniokoa nikishika waya?

Usiitegemee. Ile ya kawaida inalinda nyaya zisiungue. Dukani ulizia RCD ya miliampea 30, yaani swichi inayokata umeme ukivuja, kwa mfano kupitia mwilini mwako, na kitufe chake cha majaribio ukibonyeze mara kwa mara.

Zahanati yetu ina jenereta moja. Tukinunua ya pili tutakuwa salama?

Inategemea mtaiweka wapi. Kituo cha umeme wa nyuklia cha Fukushima, Japani, kilikuwa na jenereta 13 za dharura. Tsunami ya Machi 11, 2011 ilipoingia, ikabaki 1 inayofanya kazi. Nyingi zilikuwa vyumba vya chini, na hata zile ambazo hazikulowa, swichi zake zililowa. Yenu ya pili msiiweke banda moja na ya kwanza, wala zisinywe tangi moja: dizeli ikiingia maji, zitazima zote usiku huohuo.