Andika Sheria Kwanza: Barua kwa Mwanangu Kuhusu Riwaya Yake

Mkomani, Lamu

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaikum. Sura zako nne zimefika, nimezisoma na kuzirudia. Umeniuliza kwa nini kila anayezisoma anakwambia kwamba watawala wa mji wako ni wabaya bila sababu na mji wenyewe hauaminiki. Nitakujibu kwa kirefu kwa sababu riwaya hii naitaka imalizike. Vijana wetu wa miaka 14 hadi 18 wana vitabu vichache mno vya njozi vilivyoandikwa kwa Kiswahili, na vichache zaidi ambamo msichana wa kisiwani ndiye mwenye kushika usukani.

Kiini cha hadithi ni kizuri: mji ambamo mwanamke haruhusiwi kulitaja jina lake nje ya nyumba, na Tima wa miaka 16, anayegundua kwamba akilitaja jina lake kamili upepo humtii. Lakini sheria yenyewe umeitaja ukurasa wa pili ukaiacha hapo. Baada yake kuna askari wanaopiga na wanawake wanaolia, basi. Msomaji haoni nani anakula kutokana na sheria hii. Dhuluma isiyomlisha mtu haidumu, na msomaji wa miaka 15 analijua hilo hata kama hawezi kulieleza.

Weka sura pembeni uiandike sheria, mistari minane au kumi, kwa lugha kavu ya tangazo la kubandikwa forodhani. Iseme inamhusu nani, kuanzia umri gani, mahali gani, adhabu ya kosa la kwanza, la pili na la tatu, na faini inapokewa na nani. Kisha andika ukurasa mmoja wa jinsi ilivyoanza. Hapa kwetu, kwa mila ya wenye nyumba za mawe, binti alipoolewa ndiye aliyepewa nyumba, au akaongezewa ghorofa juu ya ile ya wazazi wake, na mume akahamia kwake. Sasa fikiria mji ambamo nyumba zote kubwa zimeandikwa kwa majina ya mabinti, na matajiri wa bandari wanazitaka. Hawawezi kuzitwaa zote kwa panga. Wanapitisha sheria ndogo ya adabu: jina la mwanamke ni heshima yake, lisitajwe ovyo. Mwaka unaofuata, asiyeweza kutaja jina lake hawezi kutoa ushahidi. Mwaka wa tatu, asiyeweza kutoa ushahidi hawezi kushika hati. Kufikia mwaka wa tano nyumba zote zimeandikwa upya kwenye Daftari Kuu, na kila hatua ilikuja na maneno matamu. Mji wa namna hiyo unatisha kwa sababu msomaji ameona unavyojengwa.

Halafu orodhesha wanufaika, na usiishie kwa matajiri. Wanaume wa kawaida wamo: mpangaji wa jana ndiye mwenye nyumba wa leo, na kaka yake Tima, anayempenda dada yake kwa dhati, atarithi ghorofa ya juu na hana haraka ya kuuliza ilikuwa ya nani. Wanawake nao wamo, na hapa ndipo waandishi wengi wa riwaya hizi wanapoteleza, wakagawa dunia mafungu mawili, wanaume huku na wanawake kule. Weka kundi la wanawake wa makamo, uwaite Wasemaji, wenye kibali cha kutaja majina ya wenzao mbele ya Daftari kwa malipo. Unajua maji matamu ya kisiwa chetu yanatoka chini ya vilima vya mchanga vya Shela. Katika mji wako, mjane anayetaka mgao wake wa maji hayo lazima amlipe Msemaji amtajie jina. Msemaji ana watoto wa kulisha, anaijua sheria kuliko mtu yeyote, na wapo kweli watu aliowaokoa. Sheria ikifutwa, riziki yake imekwisha. Huyo ndiye ninayetaka asimame mbele ya Tima, badala ya liwali wako anayecheka peke yake barazani.

Sheria ikishakamilika, ipime kwa siku moja. Mfuate Tima kuanzia alfajiri hadi isha, saa kwa saa, uandike kila mahali inapomgusa. Akichukua mkate wa mofa kwa deni, mwenye duka anaandika jina la nani? Mtoto akipotea sokoni, anamwitaje mamake? Mwanamke akizimia njiani, tabibu atajuaje ni wa nyumba gani? Jiwe la kaburi linasemaje? Ukipata chini ya mahali 5, sheria yako ni pambo. Ukipata 30, umezidisha, maana hakuna watu wanaoweza kuishi hivyo, na mji wa dhuluma hauendi bila nyufa.

Nyufa hizo unazo mlangoni pako. Nyumba za Mkomani zinaungana juu ya vichochoro kwa wikio, yaani vivuko vya juu kutoka nyumba hadi nyumba, na mwanamke aliweza kwenda nyumba ya pili bila mguu wake kukanyaga mtaa. Kwa hiyo una miji miwili: wa chini una askari, wa juu ni wa wanawake. Unayo pia ngoma ya vugo, wanawake wakipiga pembe kwa vijiti usiku wa harusi. Ndani ya nyimbo hizo majina yaliyokatazwa yanaweza kufichwa ubeti kwa ubeti, na Tima akalisikia jina la bibi yake bila kujua ni lake. Lakini chunga vipimo. Vyumba vya nyumba hizi ni virefu na vyembamba kwa sababu upana wake unatokana na urefu wa boriti za mikoko, karibu mita 3. Ule ukumbi wa sura ya pili, unaokusanya watu 100 ndani ya nyumba ya mawe, utamfanya aliyezaliwa hapa akifunge kitabu.

Sasa nguvu ya Tima. Kwanza, usiiite uchawi kwa sauti ya msimulizi. Huko Kilifi wazee wameuawa kwa tuhuma za neno hilo. Neno hilo waachie watu wa Daftari: ndilo watakalomwitia Tima, na ndilo litakalowatia majirani hofu. Pili, nguvu yake haina bei. Sura ya tatu ameleta upepo mara tatu na hakupungukiwa na kitu, na tangu hapo sikumhofia tena. Funga nguvu kwenye kile kile ambacho sheria imekiiba. Jina lake kamili liwe mlolongo wa majina ya kina mama: Tima binti wa fulani, binti wa fulani. Akijua mawili tu, lake na la mamake, upepo wake unatosha kuzima taa. La bibi likiongezeka, unajaza tanga. Kila nguvu mpya itamlazimu amtafute mwanamke mzee na kumshawishi avunje sheria, hivyo safari ya hadithi inajisuka yenyewe. Na bei iwe hii: kila anayetajwa jina lake, akiwa hai, Daftari linamjua alipo.

Weka na mpaka. Asiweze kuleta upepo usio wa msimu. Kaskazi inavuma takriban Desemba hadi Machi, kusi inashika kuanzia Aprili mpaka karibu Septemba. Yeye aongeze au azuie ule uliopo. Amua riwaya inaanza mwezi gani, uandike kalenda ya mwezi mwandamo ubavuni mwa sura zako, kwa sababu sura ya nne ina kosa ambalo kila nahodha wa Lamu ataliona. Umemtorosha Tima saa sita usiku, mwezi mpevu, mashua ikipita mkondo unaofanana kabisa na Mkanda, ule mwembamba kati ya Manda na bara. Mwezi mpevu ni bamvua, maji makubwa. Siku za bamvua pwani hii maji hujaa kama saa kumi, alasiri na alfajiri, na hukauka kama saa nne, asubuhi na usiku. Saa sita usiku ndiyo kwanza yanaanza kurudi, na mashua yake imelala ubavu kwenye matope ya mikoko. Upepo wote wa dunia hausogezi chombo kilichokwama. Usilifute tukio hilo, lirefushe. Wakae matopeni kwa muda wa saa mbili wakisubiri maji, taa za doria zikikaribia, naye ana nguvu isiyomsaidia kitu. Hiyo itakuwa sura bora kuliko ile ya kutoroka. Ukitaka wasafiri siku inayofuata, kumbuka maji huchelewa kama dakika 50 kila siku.

Jambo ninalokuomba ulitafakari kuliko mengine yote ni yule msichana anayembebea Tima mtungi. Hana jina katika sura zako, na sidhani ulikusudia. Zamani mwanamke wa nyumba kubwa hapa Lamu alipotoka alitembea ndani ya shiraa, pazia kama hema, na waliolishika lile hema huku wakionekana na kila mtu walikuwa wajakazi. Utumwa pwani ya Kenya ulifutwa kisheria mwaka 1907. Riwaya ya kutetea wanawake inayotoka katika mji huu haiwezi kumhesabu aliye ndani ya shiraa peke yake ikamwacha aliyelibeba. Mpe jina na mpe hoja. Sheria ya majina imemnyang'anya Tima nyumba. Yeye hakuwahi kuwa na nyumba, wala ukoo wake haukuandikwa kwenye hati yoyote, ya zamani au mpya. Tima anapomwambia "tutarudishiwa kilicho chetu," yeye aulize ni kipi hicho. Ugomvi huo uuweke katikati ya kitabu, karibu sura ya 12 au 13, na usiumalize kwa kukumbatiana. Mlolongo wake wa kina mama umekatwa na soko, haufiki mbali. Basi nguvu yake yeye itoke wapi? Ukilijibu swali hilo vizuri, una riwaya ambayo sijaona mfano wake.

Kuhusu vita vya mwisho, Tima kuongoza jeshi sikukubali. Tazama wanawake wa pwani walivyopambana kweli. Mekatilili wa Menza, mwaka 1913, aliwakusanya Wagiriama kwa ngoma ya kifudu na kwa kiapo. Waingereza wakampeleka mbali, Kisii, akatoroka akarudi kwao kwa miguu. Masimulizi ya kisiwa jirani cha Pate yanamtaja Mwana Darini, aliyenyimwa siwa, lile baragumu la sherehe, akaagiza itengenezwe yake. Kukusanya, kuapa, kuimba, kutengeneza chombo cha heshima ulichonyimwa: hizo ni mbinu ambazo msichana wa miaka 16 anaweza kuzishika na msomaji akasadiki. Na asiuangushe utawala wote. Ashinde jambo moja lisiloweza kurudishwa nyuma, mathalan ukurasa mmoja wa Daftari la zamani usomwe kwa sauti juu ya mapaa yote usiku mmoja. Majina yakishasikika hayawezi kufutwa masikioni.

Usiitie sheria ile kinywani mwa dini. Dini yetu inampa mwanamke mali yake na mahari yake mwenyewe, na ukiwavalisha madhalimu joho la masheikh, wasomaji wa hapa watabishana nawe juu ya jambo ambalo hukuliandika. Iwe sheria ya forodha na hazina.

Machache ya ufundi. Lenga maneno 50,000 hadi 60,000. Kiswahili hubana mengi katika neno moja, kwa hiyo usijilinganishe na vitabu vya Kiingereza vya maneno 80,000. Sura 25 za maneno 2,000 hadi 2,400 zinamtosha kijana anayesoma kwenye simu. Simulia kwa -li- na -ka-. Hiyo -na- uliyoitumia kote inachosha baada ya kurasa kumi, iweke kwa matukio ya upepo peke yake. Kiambishi a- hakimfichui mume wala mke, na ni zawadi kwako: Mkuu wa Daftari anaweza kusomwa hadi sura ya 18 bila kujulikana ni mwanamke. Ila panapokuwa na watu wawili wanaopigana, taja majina, maana "akamshika akamsukuma" hakuna atakayejua nani kamsukuma nani. Kiamu, lahaja yetu ya Lamu, waachie mabibi katika mazungumzo yao, masimulizi yawe sanifu, ili na kijana wa Kisumu afuate. Mateso yaonyeshe kwa athari zake, mkono usioweza tena kushika sindano, na zile kurasa mbili za mijeledi uzipunguze ziwe aya moja.

Nitumie kwanza tangazo la sheria na ile ratiba ya siku moja, kabla hujagusa sura nyingine. Sura ya nne uirekebishe ukiwa na kalenda ya maji mkononi. Nakuwekea ya miezi mitatu ndani ya bahasha hii. Bibi yako anakusalimu, na amesema yuko tayari kukuimbia nyimbo za vugo ukija, ila uje na kitu cha kurekodia.

Wasalaam,
Mamako