Swali la lugha: niandike "chukua", "uchukue" au "unachukua"?

Msomaji mmoja anauliza: "Naandika maelekezo ya kazi ndogondogo za nyumbani, kubadilisha taa na vitu kama hivyo, sasa niandike chukua, uchukue au unachukua? Na nikiandika chukua si nitaonekana naamrisha watu?"

Hapana, ondoa wasiwasi. Kwenye maelekezo "chukua" haina ukali wowote, anayesoma mwenyewe ndo ametaka kuelekezwa, na kama roho inakusuta weka tafadhali moja pale mwanzo inatosha. "Unachukua, unafungua, unaweka" ni ya mdomoni, pale mtu amesimama mbele yako anaangalia mikono yako, kwa maandishi inachosha haraka. "Uchukue" nayo ina nafasi yake, inafuata kitendo cha kwanza kama vyote viwili vinaenda pamoja: chukua kitambaa ukiloweshe. Ila ukianza na chukua usije ukarukia wekeni huko mbele, amua kama unaongea na mmoja au wengi.

Sasa kuna kitu hujauliza lakini ndo kinaharibu maelekezo mengi, mpangilio. Mtu anaandika "Fungua taa ya zamani baada ya kuzima umeme", jamani, anayesoma huku anafanya akifika kwenye neno umeme mkono ushafika kwenye taa! Andika zima umeme, subiri taa ipoe, halafu ifungue. Na kama unatumia kabla, andika "kabla hujafungua", sio "kabla haujafungua" kama ninavyoona kila siku, manake hu- ndo ya wewe, hau- ni ya vitu kama umeme: umeme haujazimwa.

Angalia na hii: "Toa betri kwenye rimoti kisha ifute." Ifute ipi? Betri ni i-, rimoti nayo ni i-, kwa hiyo msomaji anabaki kubahatisha. Hapo usiogope kurudia jina, "kisha futa betri kwa kitambaa kikavu", kurudia kwenye maelekezo sio kosa hata kidogo. Ingekuwa kifuniko na chupa wala usingehangaika, kifute na ifute zinajitofautisha zenyewe.

Na vipimo, hapa naomba sana uwe makini. Maji ya chumvi na sukari ya mtu anayeharisha ni lita 1 ya maji safi, vijiko 6 vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Ukiandika "vijiko 6 vya sukari, nusu kijiko cha chumvi" basi, yupo atakayechukua kijiko cha chakula, ambacho ni ml 15 wakati cha chai ni ml 5, yaani chumvi mara 3, na chumvi ikizidi ni hatari hasa kwa mtoto. Kwa hiyo "cha chai" iandikwe kila mara, na uongeze "usijaze kilima, sawazisha juu".