Napamba maharusi, nitaingiaje kwa filamu?

SWALI: Habari dada. Niko Kayole, napamba maharusi na wasichana wa graduesheni, wateja wako na picha zangu Instagram zinapendwa sana. Nataka kuingia kwa filamu na TV lakini kila nikiuliza naambiwa sina eksipiriensi. Lazima nirudi shule? Na huko kuna pesa ama ni jina tu? – Mpambaji, Kayole

JIBU: Mdogo wangu, shule si mbaya, ila sijaona prodyuza akiitisha cheti kabla hajaona kazi. Shida yako nadhani iko kwa hizo picha, kwa sababu zote ni nyuso zilizorembeka, na dairekta anataka kujua kama unaweza kumfanya mtu aonekane hajapakwa kitu kabisa, ama ameshinda juani Gikomba akibeba mizigo, midomo imekauka, vumbi kwa nyusi. Tafuta rafiki umtengeneze hivyo, mpige picha kwa mwanga wa dirisha bila filta, uziweke hapo mbele kabisa.

Lakini kitu kinachotenganisha mtu wa harusi na mtu wa seti ni kontinuiti, yaani mwonekano wa mhusika ulingane kutoka sini moja hadi nyingine, na hapa nataka unisikize vizuri. Filamu haishutiwi vile hadithi inaenda, inashutiwa kulingana na lokesheni na ni nani anapatikana. Chukulia mhusika amepigwa chupa akapasuka juu ya nyusi ya kushoto, Alhamisi mnashuti akiingia hospitali, wiki ijayo ndio mnashuti akipigwa. Jeraha lazima likae palepale, urefu uleule, damu iteremke upande uleule, na kama kwa hadithi siku zimepita basi rangi ibadilike, mwanzo wekundu, halafu zambarau, baadaye kijani na manjano kwa kingo, ingawa kwa ngozi nyeusi sana hiyo manjano haionekani sana, tegemea zambarau na maruni. Kwa hivyo kabla mwigizaji hajatoka kwa kiti mpige picha mbele, kushoto, kulia na moja ya karibu sana, uandike umetumia faundesheni gani, namba gani, jeraha liko umbali gani kutoka pembe ya jicho. Mpige tena jioni, maana katikati amekula, amejipanguza jasho, amelia. Ukikosea hapo ediita ndiye ataona, na kurudia sini ni pesa.

Ngozi zetu nazo zijue. Faundesheni ambayo toni yake si sawa, chini ya taa za studio uso unakuwa wa kijivu, na ile poda nyeupe laini ya kumalizia huioni kwa kioo lakini ikipigwa flashi inatokea kama unga. Hili jambo linaniuma, watu weusi wamepakwa vibaya kwa skrini miaka mingi sana, hadi 2021 ndio Mia Neal na Jamika Wilson wakawa wanawake weusi wa kwanza kushinda Oscar ya mekapu na nywele.

Usafi ni lazima. Brashi ya maskara ni ya mtu mmoja, ukimaliza tupa, lipstiki unaikwangua kwa paleti badala ya kuipitisha mdomo kwa mdomo, na ubebe alkoholi ya asilimia 70.

Kuingia, anza na filamu fupi za wanafunzi, kwa mfano wale wa KIMC, chuo cha uanahabari pale South B, ama Riverwood, zile filamu za River Road, ambapo bajeti ni ndogo na utajikuta unafanya uso na nywele pamoja, halafu omba kuwa asistenti wa mtu aliyezoea seti. Pesa ipo, hulipwa kwa siku, na kipindi cha TV kinachoendelea ndicho kinakupa kazi ya kueleweka kuliko filamu moja. Bidhaa unazotumia zilipiwe kando. Uliza usafiri pia, kwa sababu mtu wa mekapu hufika kabla ya karibu kila mtu na saa kumi alfajiri sitaki usimame steji Kayole peke yako na hilo sanduku. Yote yaandikwe, hata kama ni WhatsApp, na deposti iingie kabla hujafungua brashi.

SWALI: Sisi ni kikundi cha drama Githurai, tunataka damu ya bei nafuu. Tulitumia rangi na maji ikaonekana kama juisi. – Wasanii

JIBU: Maji ndio shida, damu ni nzito. Tumia sharubati nzito ya sukari, rangi nyekundu ya chakula, na kakao kidogo sana iondoe ule upinki. Ijaribuni kwanza kwa kitambaa kama kile cha nguo ya mwigizaji, na mkiongeza tone la sabuni ya maji itatoka rahisi kwa kufua, ila ile ya kuweka mdomoni mtengeneze kando bila sabuni, na chupa ziandikwe.