Anza na Kitongoji Kimoja: Kwa Wanaoanza Kujifunza Historia ya Vijiji vya Ayalandi

Ndugu zangu mnaoanza, wengi wenu mmefika Ayalandi kwa kazi au masomo, kama nilivyofika mimi, na baada ya muda mmevutiwa na masimulizi ya wazee mnaowahudumia au majirani mnaoishi nao. Huu ni mwaka wangu wa tisa nikijifunza historia ya mahali hapa, katika kaunti ya Clare, jioni baada ya zamu kwenye makao ya wazee. Ninayoyaandika ni yale ambayo ningependa kuambiwa siku ya kwanza na mtu anayefikiri kwa lugha yangu.

Usianze na taifa. Ukianza na wafalme, vita na mikataba, utasoma mwaka mzima bila kumfahamu jirani yako. Kisiwa hiki kina kaunti 32, chini yake kuna parokia, na chini kabisa kuna vitongoji zaidi ya 60,000, ambavyo kwenye fomu na ramani utaviona vimeitwa townland. Ninaviita vitongoji kwa sababu ndilo neno letu lililo karibu zaidi, lakini kumbukeni tofauti moja: kitongoji cha kwetu ni watu, cha kwao ni ardhi. Kitongoji cha Ayalandi kinaweza kubaki bila kaya hata moja na bado kikawa na jina lake na mpaka wake, mara nyingi kijito au ukuta wa mawe. Chagua kimoja, kile unachoishi au unachopita ukienda kazini, ukae nacho.

Kisha ulichunguze jina lake. Wapimaji wa serikali ya Uingereza walichora ramani za kisiwa chote kati ya 1824 na 1846, na majina waliyoyasikia kwa Kiayalandi wakayaandika kwa tahajia ya Kiingereza. Wasomi kama John O'Donovan na Eugene O'Curry, ambaye alikuwa mzaliwa wa Clare, walitumwa kuwauliza wenyeji na kupekua maandishi ya kale ili majina hayo yasipotoshwe kabisa, na barua walizoandika kutoka Clare mwaka 1839 bado zinasomwa. Hata hivyo mitego imebaki. Kiambishi Kil, kilichosambaa nchi nzima, kinaweza kutokana na cill, yaani kanisa, au coill, yaani msitu. Mimi nilitumia miezi minne kutafuta magofu ya kanisa katika kitongoji ambacho hakijawahi kuwa nalo, kwa kuwa niliamini maana ya kwanza niliyokutana nayo. Mzee mmoja alipolitamka jina lile kwa sauti ya Kiayalandi, nilisikia wazi kwamba ulikuwa msitu. Kwa hiyo jina lisikilizeni kinywani mwa mwenyeji kabla ya kulifasiri.

Kuhusu nyaraka, lazima mjue mapema kilichopotea. Tarehe 30 Juni 1922, katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, hifadhi ya nyaraka iliyokuwa katika majengo ya Four Courts mjini Dublin iliteketea, pamoja na sehemu kubwa ya sensa za 1821 hadi 1851. Sensa za 1861 na 1871 zilikuwa zimekwisha kuharibiwa kwa amri ya serikali yenyewe, na zile za 1881 na 1891 ziligeuzwa karatasi taka wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Ndiyo maana kila mtu hapa huzungumzia Makadirio ya Griffith, yaliyofanywa kati ya 1847 na 1864 kwa ajili ya kodi, yanayotaja kila mkuu wa kaya, kabaila aliyempangisha, ukubwa wa ardhi na thamani yake. Humo mtakuta watu wawili wenye jina moja katika kitongoji kimoja, wametofautishwa kwa jina la baba au rangi ya nywele. Hilo halitawasumbua, maana vijijini hapa mtu bado huitwa kwa jina lake, la baba na la babu, kama tunavyosema Ali Juma Hamisi.

Nyaraka ninayoipenda kuliko zote ni sensa ya 1911, ambayo pamoja na ile ya 1901 imesalimika na inasomwa bure mtandaoni. Isomeni taratibu. Fomu ilijazwa na mkuu wa kaya mwenyewe, na asiyejua kuandika aliweka alama ya msalaba. Kuna safu iliyowauliza wanawake walioolewa miaka ya ndoa, idadi ya watoto waliozaliwa hai, na idadi ya waliobaki. Nilipoona kwa mara ya kwanza "11" na pembeni yake "6", kwa mwandiko uleule uliotulia, niliiacha kompyuta nikatoka nje kwa muda. Hakuna kitabu kilichonieleza maisha ya miaka ile kama tarakimu hizo mbili.

Safu ya umri, kinyume chake, msiiamini haraka. Nilikutana na mwanamke mwenye miaka 56 mwaka 1901 na miaka 71 mwaka 1911. Si kosa la mwandishi. Sheria ya 1908 iliwapa wazee waliotimiza miaka 70 pensheni ya hadi shilingi tano kwa wiki, iliyoanza kulipwa Januari 1909, lakini usajili wa vizazi vyote ulikuwa umeanza 1864 tu, hivyo hakuna mzee wa umri huo aliyekuwa na cheti cha serikali. Maofisa waliuliza basi kama mwombaji anaukumbuka Usiku wa Upepo Mkubwa, dhoruba ya tarehe 6 Januari 1839 iliyoezua mapaa nchi nzima, na wengi walijibu kwamba wanaukumbuka vizuri. Sisi tuliokulia kwa bibi waliozaliwa "mwaka wa njaa" au "mwaka wa nzige" tunaielewa hesabu hii bila kufundishwa. Wengi wao hawakuwa waongo. Hawakujua umri wao, na hakuna aliyewahi kuwauliza kabla ya hapo. Andikeni umri zote mbili, pamoja na sababu.

Sasa nije kwenye kusikiliza, ambako ndiko tunakokosea zaidi. Ukimwuliza mzee "maisha yalikuwaje zamani", atakujibu kwa maneno ambayo amekwisha kuwapa watu ishirini. Mwulize kuhusu kitu. Mwulize siku umeme ulipoingia nyumbani kwao. Mpango wa kusambaza umeme vijijini ulianza 1946, na nguzo ya kwanza ilisimamishwa Kilsallaghan, kaskazini mwa Dublin, mwezi Novemba mwaka huo. Bonde la Black Valley, katika kaunti ya Kerry, lilisubiri hadi miaka ya 1970. Ada ya kudumu ilitegemea ukubwa wa nyumba, na zipo familia zilizokataa kwa kuogopa gharama. Bibi mmoja aliniambia kwamba taa ya kwanza kwao ilikuwa ile nyekundu ndogo chini ya picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu, kisha balbu moja jikoni, na kwamba mama yake alipoiwasha aliona masizi ya moshi wa miaka mingi dari nzima akaanza kupaka chokaa usiku uleule. Swali langu lilikuwa moja tu, nalo lilihusu swichi.

Mkikwama, fungueni Mkusanyo wa Shule. Kati ya 1937 na 1939, wanafunzi wapatao 50,000 wa shule za msingi katika kaunti 26 zilizo nje ya Ayalandi Kaskazini walitumwa kuwauliza wazee wao habari za mizimwi, dawa, visima vitakatifu, Njaa Kuu ya miaka ya 1840 na michezo, wakaziandika katika madaftari ambayo sasa yanasomwa mtandaoni. Tafuteni shule iliyo karibu na kitongoji chenu.

Kuna mambo ambayo hayasemwi, na hapa ninawaomba mwe waangalifu sana. Mwaka 2012 Catherine Corless, mkazi wa karibu na Tuam katika kaunti ya Galway, ambaye hakuwa profesa, aliandika katika jarida la chama cha historia cha mji huo kuhusu nyumba iliyopokea wasichana waliopata mimba nje ya ndoa kati ya 1925 na 1961. Aliomba vyeti vya vifo vya watoto wa nyumba ile, vikafika 796, na hakupata kumbukumbu za maziko yao. Akalinganisha ramani za zamani na za karibuni, akaona ilipokuwa karo ya maji machafu. Mwaka 2017 tume ya uchunguzi ilithibitisha kuwapo kwa mabaki ya watoto chini ya ardhi. Januari 2021 serikali iliomba radhi. Na kazi ya kuyafukua ilianza 2025. Vyeti, ramani na subira, zana zilezile tunazotumia sisi, ndivyo vilivyofanya kazi ile.

Lakini msome pia upande wa pili wa jambo hilo: wapo wanawake wanaoishi bado ambao hawajawaambia hata watoto wao walikopita. Tunaofanya kazi ya kuwaosha na kuwavika wazee husikia mengi. Neno alilokuambia mtu ukiwa umemshika mkono bafuni si lako. Usiliandike, usilipeleke kwenye mkutano wa chama, hata ukilificha jina, maana katika parokia ya watu 600 jina halifichiki. Akitaka lihifadhiwe, atalirudia mchana, akiwa na akili iliyotulia na mtu wake amekaa kando.

La mwisho ni kazi ambayo haina muda mrefu uliobaki: majina ya mashamba. Ramani huishia kwenye kitongoji, lakini kila konde lina jina ambalo familia pekee ndiyo inalijua. Msimu uliopita mzee mmoja wa miaka 88 alinitembeza kwenye ardhi yake, nami nikashika penseli na nakala ya ramani ya miaka ya 1840. Makonde tisa yalikuwa na majina tisa, yote kwa Kiayalandi, ingawa yeye mwenyewe hakizungumzi. La saba liliitwa Gort an Tobair, konde la kisima, na ramani ilionyesha kisima hicho pale tuliposimama, penye nyasi tupu na ng'ombe wawili. Alisema kiliachwa bomba lilipofika jikoni. Akaniuliza tobair linaandikwaje, nikamwonyesha, naye akaniomba penseli akaliandika mwenyewe juu ya ramani.