Wakili Anajibu: Dhamana kabla ya kukamatwa kwa wakala wa mikopo

SWALI: Mheshimiwa Wakili, mimi ni wakala wa mikopo hapa Nakuru. Huipelekea kampuni moja ya fedha wateja na kulipwa kamisheni kwa kila mkopo unaoidhinishwa. Wateja wangu watatu wameacha kulipa, na kampuni imegundua kwamba hati zao za mishahara na taarifa zao za benki zilikuwa za kughushi. Mimi nilizipokea na kuziwasilisha kama zilivyokuwa. Sasa afisa wa upelelezi amenipigia simu mara mbili, na mara ya mwisho alisema nisipozirudisha fedha hizo kufikia Ijumaa, nitalala ndani wikendi nzima. Je, naweza kuomba dhamana kabla sijakamatwa?

JIBU: Ndugu msomaji, unaweza, na ombi hilo hupelekwa Mahakama Kuu, si kwa hakimu. Nchini India dhamana ya aina hii imeandikwa waziwazi katika sheria ya mwenendo wa jinai. Kwetu Kenya ni majaji walioijenga, nao leo huiegemeza kwenye Katiba ya 2010, hasa Kifungu cha 29, kinachokataza mtu kunyimwa uhuru wake bila sababu ya haki. Uamuzi unaotajwa mara nyingi ni wa mwaka 2004, katika kesi ya W'Njuguna dhidi ya Jamhuri, uliosema kwamba dhamana hii hutolewa pale ambapo chombo cha dola kinachopaswa kulinda haki za raia ndicho kinachozivunja vibaya. Kwa hiyo kuogopa kukamatwa hakutoshi, kwa sababu polisi wana mamlaka ya kumkamata mtu wanayemshuku kwa misingi ya haki.

Nguvu ya ombi lako imo katika ile simu ya pili. Afisa wa polisi si mkusanya madeni, na kumtishia mtu seli ili alipe fedha alizokopa mwingine ni matumizi mabaya ya mamlaka, jambo linaloniudhi kila ninapolisikia. Hata siku ya Ijumaa haikuchaguliwa bure: Kifungu cha 49 kinataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 24, lakini saa hizo zikiishia siku ambayo mahakama haiketi, muda husogea hadi siku inayofuata ya kazi, yaani Jumatatu. Andika leo tarehe na saa za simu hizo, nambari iliyotumika na maneno uliyoambiwa, kwa kuwa hayo ndiyo yatakayoingia katika hati yako ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi utakayoyaapia kuwa ya kweli. Wakili wako akiwasilisha ombi chini ya hati ya dharura, yaani ya kuomba lisikilizwe haraka, jaji anaweza kutoa amri ya muda kabla ya kuwasikiliza upande wa mashtaka.

Usifiche jambo lolote katika kiapo hicho. Chini ya Kanuni ya Adhabu, kutoa hati ya uongo, yaani kuiwasilisha kana kwamba ni ya kweli, ni kosa pale mtu anapoitoa kwa kujua kwamba ni ya uongo na kwa nia ya kulaghai. Wakala aliyepitisha karatasi asizozishuku hayuko katika hali moja na aliyezichapisha. Hata hivyo utaulizwa kwa nini wateja watatu, wote wako, walikuja na hati za namna hiyo, na kamisheni uliyolipwa itatajwa. Tunza mkataba wako wa uwakala, na usifute ujumbe wowote uliotumiana na wateja hao au na kampuni, hata ule unaokuaibisha.

Ukipewa dhamana, upelelezi utaendelea. Kwa kawaida mahakama huamuru mwombaji afike mbele ya wapelelezi siku iliyotajwa na kushirikiana nao, na asipofika amri yaweza kuondolewa. Ukishtakiwa, suala la dhamana litahamia kwa mahakama itakayosikiliza kesi yako.

Iwapo watakuja kabla ombi halijasikilizwa, usishindane nao. Taja jina lako, omba kuwasiliana na wakili, na ukae kimya kuhusu mikopo hiyo hadi afike, kwani haki zote mbili zimo katika Kifungu cha 49. Omba pia dhamana ya polisi pale kituoni. Usitie sahihi makubaliano yoyote ya kulipa ukiwa kizuizini, hata ukiahidiwa kwamba jalada litafungwa jioni hiyo hiyo.